Rufiji na Kibiti katika vitabu vya sheria, haki jinai na siasa

Ukisafiri kwa Barabara ya Kilwa kutoka Dar es Salaam kwenda kusini, unapita Mkuranga, Bungu, Kibiti na Ikwiriri kabla ya kuvuka Mto Rufiji kwa Daraja la Mkapa, lililofunguliwa mwaka 2003. Upande wa mashariki mto hugawanyika katika mikono mingi na kumwaga maji yake Bahari ya Hindi, mkabala na kisiwa cha Mafia. Hiyo ndiyo delta ya Rufiji, yenye msitu wa mikoko wa hekta zipatazo 53,000, mkubwa kuliko mwingine wowote wa aina yake Afrika Mashariki.

Wengi huijua sehemu hii kwa kamba, mpunga na mafuriko. Ni wachache wanaojua kwamba imeandikwa pia katika vitabu muhimu vya sheria na siasa ya Tanzania. Makala hii inaeleza ni vitabu gani, vinahusu nini, na vilitokana na nini. Inaeleza pia kwa nini tukio la karibuni zaidi, mauaji ya Mkuranga, Kibiti na Rufiji ya kati ya 2015 na 2017, bado linahitaji kuandikwa kwa kina kama yale yaliyotangulia.

Mohoro, 1905: kosa la uhaini

Mohoro iko kusini mwa mto, katika wilaya ya sasa ya Rufiji. Wakati wa utawala wa Wajerumani palikuwa na ofisi ya serikali. Hapo ndipo aliponyongwa Kinjikitile Ngwale, mganga wa Ngarambe, tarehe 4 Agosti 1905, kwa kosa la uhaini. Siku chache kabla ya hapo watu wa milima ya Umatumbi walikuwa wameng'oa pamba waliyolazimishwa kulima, na Vita vya Majimaji vilikuwa vimeanza.

Msomaji wa sheria anapaswa kuangalia jinsi adhabu ile ilivyotolewa. Katika koloni la Kijerumani, mkuu wa wilaya alikuwa mtawala na pia hakimu wa wenyeji. Aliyetoza kodi na kusimamia kilimo cha lazima ndiye aliyesikiliza mashauri na kutoa adhabu. Mwafrika hakuwa na wakili, na hakuwa na mahakama huru ya kukatia rufaa kama ilivyo leo. Kwa hiyo kumbukumbu za maandishi za tukio lile zilibaki ni za upande mmoja, yaani wa watawala.

Pengo hilo lilijazwa zaidi ya miaka 60 baadaye. Mwanahistoria G.C.K. Gwassa alikwenda kwa wazee waliokuwa bado hai na kuandika kumbukumbu zao. Mwaka 1968 yeye na John Iliffe walichapisha kijitabu cha kumbukumbu za Majimaji, na katika miaka hiyohiyo wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walikusanya masimulizi katika wilaya zilizopigana. Utafiti wa Gwassa wa shahada ya uzamivu, uliokamilika mwaka 1973, ulichapishwa kama kitabu huko Ujerumani mwaka 2005.

Ebrahim Hussein, mzaliwa wa mkoa wa Lindi, alitoa tamthilia yake ya Kinjeketile mwaka 1969. Hiki ndicho kitabu cha Kiswahili kilichowafikia watu wengi zaidi kuhusu jambo hili, kwa kuwa kimesomwa shuleni kwa miongo mingi. Msomaji akumbuke kwamba ni kazi ya sanaa, na mwandishi amempa mhusika wake mawazo na mashaka ambayo hayamo katika kumbukumbu za kihistoria. Anayetaka kujua kilichotokea Mohoro aanze na Gwassa. Anayetaka kufikiri juu ya kiongozi na neno lake likishamtoka mkononi, asome Hussein.

Maandishi haya yamekuwa na uzito nje ya maktaba. Makadirio ya serikali ya kikoloni yalitaja vifo 75,000, lakini Gwassa alifikia idadi ya kati ya 250,000 na 300,000, wengi wao wakiwa wamekufa kwa njaa baada ya mashamba na maghala kuteketezwa. Rais wa Ujerumani Frank-Walter Steinmeier alipokwenda Songea tarehe 1 Novemba 2023 na kuomba msamaha, hakuna aliyehitaji kuuliza kama vita vile vilitokea. Ushahidi ulikuwa umekusanywa zamani.

Mikoko: mkazi anapoitwa mvamizi

Aina ya pili ya vitabu inahusu msitu. Mwaka 1898 Wajerumani waliifanya mikoko ya delta kuwa hifadhi ya serikali. Boriti za Rufiji zilikuwa zikiuzwa Unguja, Uarabuni na Ghuba kwa ajili ya kuezekea nyumba, na serikali ilitaka mapato yake. Thaddeus Sunseri anaeleza historia hiyo katika kitabu chake Wielding the Ax, cha mwaka 2009, kinachofuatilia siasa ya misitu Tanzania kuanzia 1820 hadi 2000.

Hoja ambayo msomaji wa sheria ataiona humo ni hii: kutangaza hifadhi hakuhamishi watu, bali kunabadilisha jina lao kisheria. Mtu aliyekuwa mkata boriti, mvuvi au mkulima wa mpunga anaamka asubuhi akiwa mvamizi. Shughuli ileile aliyoifanya babu yake inakuwa kosa la jinai, lenye faini au kifungo. Utawala wa Waingereza uliurithi utaratibu huo, na serikali huru ikaurithi kutoka kwao.

Hadi leo mikoko ya Tanzania Bara ni misitu ya hifadhi, na vijiji vya delta viko ndani au pembeni mwake. Sheria ya Misitu ya mwaka 2002 inaruhusu usimamizi wa pamoja kati ya serikali na vijiji, lakini ugomvi kuhusu mashamba ya mpunga ndani ya mikoko haujaisha. Mwaka 2012 Betsy Beymer-Farris na Thomas Bassett waliandika katika jarida la kitaaluma kuhusu hatari ya miradi ya hewa ukaa kuwageuza wakulima wa Kirufiji kuwa wageni katika ardhi yao. Makala hiyo ilizua mjadala mkali miongoni mwa wataalamu wa mazingira.

Bibi Titi Mohamed: mbunge wa Rufiji kizimbani

Bibi Titi Mohamed alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1926, katika familia yenye asili ya Rufiji. Aliwaingiza maelfu ya wanawake katika TANU, na baada ya uhuru akawa mbunge wa Rufiji, naibu waziri na kiongozi wa Umoja wa Wanawake. Mwaka 1965, katika uchaguzi wa kwanza wa chama kimoja ambapo wagombea wawili wa TANU walishindanishwa karibu katika kila jimbo, wapiga kura wa Rufiji walimwondoa. Baada ya Azimio la Arusha la 1967 aliachia nafasi zake katika chama, kwa kuwa Azimio lilikataza kiongozi kupangisha nyumba.

Oktoba 1969 alikamatwa. Mwaka uliofuata yeye na wenzake sita walipandishwa kizimbani mbele ya Jaji Mkuu Philip Telford Georges, mwanasheria kutoka visiwa vya Karibea, kwa kosa la uhaini. Walidaiwa kula njama na Oscar Kambona, aliyekuwa uhamishoni London, ili kuipindua serikali. Shahidi mkuu wa serikali alikuwa Potlako Leballo, kiongozi wa chama cha PAC cha Afrika Kusini. Mwaka 1971 Bibi Titi alihukumiwa kifungo cha maisha. Rais Julius Nyerere alimsamehe mwaka 1972. Alifariki dunia Novemba 2000, na barabara kubwa katikati ya Dar es Salaam ina jina lake.

Kesi hii inasomwa kwa njia tatu. Njia ya kwanza ni kitabu cha Susan Geiger, TANU Women, kilichotoka mwaka 1997 na kujengwa juu ya mahojiano aliyoyafanya miaka ya 1980, mengi yakiwa na Bibi Titi mwenyewe. Humo mwanamke aliyetajwa mahakamani kama mshtakiwa namba fulani anasimulia maisha yake kwa sauti yake. Njia ya pili ni Mohamed Said, aliyeandika maisha ya Abdulwahid Sykes kwa Kiingereza mwaka 1998 kisha kwa Kiswahili mwaka 2002, akieleza siasa za TANU jinsi wazee wa Dar es Salaam walivyozikumbuka.

Njia ya tatu ni hukumu yenyewe. Rufaa ya washtakiwa ilisikilizwa na Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, na uamuzi wake umechapishwa katika ripoti za kesi za mwaka 1971. Mawakili huurejea wanapobishana kuhusu ushahidi. Hotuba za Jaji Georges kuhusu sheria katika nchi ya chama kimoja nazo zilikusanywa kuwa kitabu mwaka 1973.

Mtu anaweza kuamini kwamba Bibi Titi alikuwa na hatia, au kwamba alionewa. Anachoweza kufanya, kwa sababu kesi ilisikilizwa hadharani, ni kufungua kumbukumbu na kuhoji ushahidi. Wapo waliowekwa ndani miaka hiyohiyo chini ya Sheria ya Kuweka Watu Kizuizini ya 1962, ambayo haikuhitaji kesi wala hakimu. Wengi wa hao hawana hukumu ya kusomwa. Sheria hiyo ilikuwa miongoni mwa sheria 40 ambazo Tume ya Jaji Francis Nyalali, katika ripoti yake ya 1992, ilizitaja kuwa kandamizi na kutaka zifutwe au zirekebishwe. Issa Shivji alikuwa amelijadili tatizo hilo mapema katika kitabu chake cha 1990 kuhusu mabavu ya dola na uhuru nchini Tanzania.

Operesheni Rufiji: kuhamishwa bila hukumu

Baada ya mafuriko ya 1968 serikali iliwahamisha wakazi wa bonde la mto na kuwapeleka kwenye miinuko, katika vijiji vipya. Operesheni Rufiji ilitangulia operesheni za vijiji zilizoenea nchi nzima miaka ya 1970.

Kitabu cha kusoma hapa ni cha Mnorwe Kjell Havnevik, Tanzania: The Limits to Development from Above, cha mwaka 1993. Ingawa jina lake linataja Tanzania, sehemu kubwa ya utafiti ni wa Rufiji. Havnevik anaonyesha kwamba kwa Mrufiji mafuriko yalikuwa janga na pia mbolea. Maji yakipungua watu walipanda mahindi na pamba katika udongo wenye unyevu, kilimo kinachoitwa mlau, huku wakikaa katika madungu shambani kulinda mazao dhidi ya wanyama. Kuhamia miinukoni kuliwaokoa na maji, lakini kuliwaweka mbali na mashamba yenye rutuba.

Swali la kisheria lililobaki ni hili: je, mtu anayeshikilia ardhi kwa mila anaweza kuondolewa bila fidia? Jibu lilikuja kutoka Karatu. Mwaka 1994, katika kesi ya Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay, Mahakama ya Rufani chini ya Jaji Mkuu Nyalali iliamua kwamba haki ya kimila ya ardhi ni mali inayolindwa na Katiba. Shivji, aliyeongoza Tume ya Rais ya masuala ya ardhi ya 1991 hadi 1992, alieleza mapambano hayo katika kitabu chake cha 1998. Sheria ya Ardhi na Sheria ya Ardhi ya Vijiji zilipitishwa mwaka 1999.

Delta ilijaribiwa tena kabla sheria hizo hazijapita. Kampuni ya African Fishing Company ilitaka kuchimba mabwawa makubwa ya kufugia kamba. Serikali iliridhia mwaka 1997 ingawa wataalamu wa Baraza la Mazingira, NEMC, walishauri vinginevyo. Wakazi wa delta, wakisaidiwa na wanasheria na waandishi wa habari za mazingira, walikwenda Mahakama Kuu. Mabwawa hayakujengwa.

Kibiti, 2015 hadi 2017

Katikati ya miaka ya 2010 wilaya ya Rufiji iligawanywa, na delta ikawa sehemu ya wilaya mpya ya Kibiti. Wakati huohuo watu wasiojulikana walianza kuua wenyeviti na watendaji wa vijiji, viongozi wa CCM wa ngazi ya chini, na askari. Wengi walipigwa risasi usiku nyumbani kwao. Tarehe 13 Aprili 2017 askari polisi 8 waliuawa kwa kuviziwa eneo la Mkengeni, kata ya Mjawa, wakirudi kutoka lindoni. Idadi ya waliouawa katika wilaya tatu za Mkuranga, Kibiti na Rufiji ilifika makumi.

Mei 2017 Rais John Magufuli alimteua Simon Sirro kuwa Mkuu wa Jeshi la Polisi badala ya Ernest Mangu. Rufiji ikafanywa mkoa wa kipolisi. Pikipiki zilipigwa marufuku kutembea usiku, jambo lililowagusa hata waliokuwa wakipeleka wagonjwa hospitali. Agosti 2017 polisi walitangaza kwamba wamewaua watu 13 waliotuhumiwa kuhusika. Baadaye mauaji yalipungua kisha yakakoma. Maofisa wa polisi walisema baadhi ya watuhumiwa walikimbilia Msumbiji, ambako mashambulizi ya Cabo Delgado yalianza Oktoba 2017.

Katika miezi hiyo familia kadhaa zilieleza pia kwamba ndugu zao walichukuliwa na hawakurudi. Miongoni mwa walioandika habari za Kibiti alikuwa Azory Gwanda, mwandishi wa kujitegemea wa gazeti la Mwananchi aliyekuwa akiishi hukohuko. Yeye mwenyewe alitoweka tarehe 21 Novemba 2017, baada ya kuchukuliwa na watu waliokuwa katika gari. Julai 2019 Waziri wa Mambo ya Nje wa wakati huo, Profesa Palamagamba Kabudi, aliiambia BBC maneno yaliyofahamika kumaanisha kwamba Azory alikufa. Baadaye ikaelezwa kwamba hakueleweka vizuri.

Anayetaka kusoma kuhusu Kibiti leo ataanza na magazeti ya 2016 na 2017, kumbukumbu rasmi za majadiliano ya Bunge, na ripoti za kila mwaka za Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu, LHRC. Tofauti na Bibi Titi, hapa msomaji hana kesi kubwa ya hadharani ya kuifungua ukurasa kwa ukurasa. Hawezi kuona ni nani alishuhudia nini, silaha ipi ilitoka wapi, na mshtakiwa alijibu nini. Hasara hiyo inawahusu wote: wajane wa askari, watoto wa wenyeviti wa vijiji, na familia za waliotoweka.

Sheria inasema nini

Sheria za Tanzania zina majibu kwa maswali mengi yaliyoulizwa Kibiti. Haya ndiyo ya msingi:

Kukamatwa. Ibara ya 15 ya Katiba inalinda uhuru wa mtu, na ibara ya 13 inasema mtuhumiwa asitendewe kama mwenye hatia mpaka ithibitike. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inataka aliyekamatwa aelezwe kosa lake na afikishwe mahakamani haraka iwezekanavyo, na kwa kawaida ndani ya saa 24 kama hakupewa dhamana ya polisi. Muda wa msingi wa kumhoji ni saa 4.

Dhamana. Kwa mauaji, uhaini, ugaidi na unyang'anyi wa kutumia silaha hakuna dhamana. Mahakama Kuu ilikibatilisha kifungu hicho Mei 2020, lakini Mahakama ya Rufani ikakirejesha Agosti mwaka huohuo katika kesi ya Dickson Sanga.

Kifo chenye mashaka. Sheria ya Uchunguzi wa Vifo inaruhusu hakimu, akikaa kama korona, kuchunguza kifo cha ghafla, cha kikatili au kilichotokea mtu akiwa mikononi mwa dola. Kazi yake si kumtia mtu hatiani. Ni kuandika nani alikufa, wapi, lini na kwa sababu gani.

Mtu aliyetoweka. Chini ya Sheria ya Ushahidi, mtu asiposikika kwa miaka 5 na wale ambao kwa kawaida wangepaswa kupata habari zake, mzigo wa kuthibitisha kwamba yu hai unahamia kwa anayedai hivyo. Kwa mke, watoto na wazazi jambo hili lina maana kubwa: mirathi, shamba, akaunti ya benki, hata ndoa nyingine. Lakini dhana ya kifo haielezi mtu alikufaje, wala haimwachii polisi jukumu lake la upelelezi.

Jalada la kesi linavyobadilisha simulizi

Mfano wa karibu unaonyesha tofauti. Januari 2006 wafanyabiashara watatu wa madini kutoka Mahenge na dereva teksi mmoja waliuawa Dar es Salaam. Taarifa ya kwanza ya polisi ilisema walikuwa majambazi. Rais Jakaya Kikwete aliunda tume chini ya Jaji Mussa Kipenka, na tume ikaona kwamba hawakuwa majambazi. Maofisa wa polisi wakashtakiwa. Mahakama Kuu iliwaachia wote mwaka 2009, na mwaka 2016 Mahakama ya Rufani ikamtia hatiani mmoja wao. Watu hawakukubaliana kuhusu matokeo, lakini marehemu walisafishwa jina kwa maandishi, na kila mtu anaweza kuisoma hukumu.

Nchini Kenya, David Anderson aliandika Histories of the Hanged mwaka 2005 kwa kutumia majalada ya mahakama zilizowanyonga zaidi ya watu 1,000 wakati wa Mau Mau. Kesi zile hazikuwa za haki, lakini ziliacha karatasi. Karatasi hizo, pamoja na nyaraka zilizokuwa zimefichwa Uingereza, zilisaidia katika madai ya wazee, na mwaka 2013 serikali ya Uingereza ilikubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa Wakenya 5,228.

Tanzania nayo imelitazama suala hili upya. Januari 2023 Rais Samia Suluhu Hassan aliunda tume ya kuangalia taasisi za haki jinai, chini ya Jaji Mkuu mstaafu Mohamed Chande Othman, aliyewahi kuwa mwendesha mashtaka katika mahakama ya kimataifa ya Rwanda na mwandishi wa kitabu cha 2005 kuhusu uwajibikaji nchini Rwanda na Timor Mashariki. Tume ilikabidhi ripoti Julai 2023, ikipendekeza mageuzi makubwa katika polisi na namna ya kukamata watu.

Kwa msomaji wa Kibiti: pa kuanzia

Vitabu vingi vilivyotajwa hapa viko kwa Kiingereza, na vilichapishwa Uppsala, Ohio au kwingineko mbali na Utete. Hili ni tatizo la kweli: watu waliohojiwa kwa Kiswahili na Kirufiji hawawezi kwa urahisi kusoma walichosimulia. Hata hivyo yapo yanayopatikana.

Hukumu za Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani zinapatikana bure katika tovuti ya TanzLII, hata kwa simu. Kumbukumbu za Bunge ziko katika tovuti ya Bunge, kwa Kiswahili. Tangu 2021 sheria inakitambua Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama. Kuhusu ardhi, taasisi ya HakiArdhi imekuwa ikitoa machapisho ya Kiswahili, na LHRC hufanya hivyo kuhusu haki za binadamu. Anayetaka kuona jinsi jaji anavyoweza kumtetea mnyonge kwa kutumia Katiba atafute mkusanyiko wa hukumu za Jaji James Mwalusanya, uliohaririwa na Chris Maina Peter na Helen Kijo-Bisimba. Asiye na uwezo wa kumlipa wakili anaweza kuomba msaada chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017.

Unaposoma, tenganisha mambo manne. Sheria inasema kinachopaswa kufanyika. Hukumu inasema mahakama iliamini nini kutokana na ushahidi ulioletwa. Ripoti inasema watafiti waliambiwa nini. Simulizi la mtu linasema yeye aliona na kukumbuka nini. Hakuna hata kimoja kinachotosha peke yake.

Wazee waliomsimulia Gwassa walikuwa wamekaa na habari zao zaidi ya miaka 60. Wengi wa walioshuhudia ya Kibiti bado ni watu wazima wenye nguvu, na wako Bungu, Mjawa, Nyamisati na Ikwiriri. Tarehe, majina ya marehemu, namba ya taarifa iliyotolewa kituoni na barua zilizopokelewa ni mambo ambayo familia inaweza kuyaandika na kuyatunza leo, hata kabla ya tume au mahakama kuyaomba.